Kijiweni, Kwenye Jalada au Kwenye Dodoso?

Andiko la utafiti lilikuwa na kichwa ambacho wasimamizi wa wanafunzi wa kriminolojia wamekwisha kukiona kwa sura nyingi: "Sababu za Vijana Kujiunga na Panya Road Jijini Dar es Salaam." Mbinu: mahojiano na vijana kumi na watano watakaopatikana vijiweni. Muda: wiki sita. Kiambatisho cha kwanza, dodoso. Kiambatisho cha pili, fomu ya ridhaa.

Nimewaketisha watu wanne mbele ya andiko hilo. Ni watu wa kubuni, ndiyo maana hawana majina, lakini wanayobishania yanabishaniwa kila msimu wa tasnifu, kwenye ofisi za wahadhiri na kwenye ngazi za mabweni. Mwalimu ni mama anayefundisha mbinu za utafiti. Afande ni mpelelezi mstaafu ambaye siku hizi huitwa vyuoni kutoa mihadhara. Mtakwimu ni kijana wa hesabu, mkali kidogo kuliko umri wake. Mwanafunzi ndiye mwenye andiko. Mimi nawapokeza zamu, na nitaingilia pale nitakaposhindwa kunyamaza.

MWANAFUNZI: Shikamooni wazee wangu. Kaka, mambo. Miaka mitatu nimesoma nadharia za wanasosholojia wa Chicago, na sijawahi kukaa na mtu hata mmoja aliyewahi kufungwa. Robert Park alikuwa mwandishi wa habari kabla hajawa profesa, na wanafunzi wake aliwataka waende mitaani wakajionee. Clifford Shaw alimpata kijana mmoja mporaji wa walevi, akamwomba aandike maisha yake mwenyewe. Kitabu kilitoka 1930, kinaitwa The Jack-Roller, na mpaka leo tunapewa tukisome. Mimi nimekulia Mbagala. Vijana ninaowataka nimecheza nao chandimu. Kama si mimi wa kuwauliza, ni nani?

AFANDE: Marahaba mwanangu. Kwa hilo la chandimu ndiyo kwanza nakuhurumia. Utakaa pale kijiweni, na kwa kuwa wanakuamini, mmoja atakuambia: usiku fulani tuliingia nyumba fulani. Ukishalisikia hilo umeacha kuwa mwanafunzi, umekuwa shahidi. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai inamtaka mtu anayejua kwamba kosa limetendwa, au linakusudiwa kutendwa, atoe taarifa polisi au kwa mwenye mamlaka wa eneo lile. Wakili na mteja wake wana kinga yao. Mwandika tasnifu hakutajwa.

MWANAFUNZI: Nimewaahidi usiri, Afande. Fomu ya ridhaa hiyo hapo.

MWALIMU: Hata Boston College walikuwa na fomu, mwanangu. Chuo kikubwa cha Marekani, chenye wanasheria wake. Kuanzia 2001 hadi 2006 walirekodi sauti za wapiganaji wa zamani wa Ireland ya Kaskazini, wa pande zote mbili, kwa ahadi kwamba kanda hazitasikilizwa mpaka msimulizi afe. Watu wakafunguka, wakataja mauaji. Mwaka 2011 serikali ya Uingereza ikapitia mahakama za Marekani kuzidai kanda hizo. Chuo kikabishana, na mwaka 2013 polisi wa Ireland ya Kaskazini wakakabidhiwa baadhi yake. Mwaka uliofuata mwanasiasa wa kule, Gerry Adams, akakamatwa, akahojiwa siku nne, akaachiwa. Kwenye mkataba wa chuo na waliosimamia mradi palikuwa na maneno ya tahadhari, kwamba usiri utalindwa kadiri sheria ya Marekani inavyoruhusu. Kwenye karatasi waliyosaini wasimulizi maneno hayo hayakuwamo. Fomu yako inayo?

MWANAFUNZI: Imeandikwa "taarifa zako zitabaki siri".

MWALIMU: Basi umeahidi kitu usichokimiliki.

AFANDE: Na daftari lako ningekuja kuliomba, ningekuwa bado kazini. Nisingekuwa na chuki na wewe. Ningekuwa na marehemu na familia yake.

Hapa Mwanafunzi alinyamaza, na nilitaka anyamaze. Wanafunzi wengi huichukulia fomu ya ridhaa kama stakabadhi ya kamati ya maadili: ikisainiwa, kazi imekwisha. Anayeisaini si kamati. Ni kijana ambaye mwezi ujao anaweza kuwa kizimbani, na maneno yake yako kwenye simu ya mtu aliyecheza naye mpira.

MWANAFUNZI: Basi utafiti wa wahalifu haufanyiki?

MWALIMU: Unafanyika. Unajifunza kuuliza bila kukusanya ushahidi. Kabla hujawasha kinasa sauti unamwambia mtu: usinitajie jina la mtu, tarehe wala mtaa, na ukianza kunitajia nitakukatiza. Unauliza vijana wa rika lake wanaishije, siku ya kijiweni inaanza saa ngapi, ugomvi unaanzaje. Majina bandia unayaweka palepale unapoandika, usisubiri kufika nyumbani. Halafu umri. Vijana wako kumi na watano, wangapi wana chini ya miaka kumi na minane?

MWANAFUNZI: Karibu nusu.

MWALIMU: Watoto hao, na ridhaa ya mzazi hukuipangia. Tuna Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, na taarifa za watoto na za makosa zimo kwenye kundi la taarifa nyeti. Huwezi kuzibeba kwenye flashi iliyoning'inia shingoni.

MTAKWIMU: Naomba nafasi. Ninyi mnazungumzia hatari, mimi nina neno baya zaidi. Chukulia kila kitu kimekwenda salama, vijana wote kumi na watano wamesema kweli tupu. Bado hutajua sababu.

MWANAFUNZI: Wao wenyewe wataniambia.

MTAKWIMU: Ndiyo shida. Sikiliza habari ya wavulana wa Cambridge na Somerville, miji miwili jirani na Boston. Daktari mmoja, Richard Cabot, aliamini kwamba mtoto aliye hatarini akipata mtu mzima wa kumshauri, kumpeleka hospitali, kumsaidia masomo na kumpeleka kambi ya likizo, hatakuwa mhalifu. Mradi ukaanza 1939. Wavulana walipangwa wawiliwawili wanaofanana umri, familia na mtaa, kisha sarafu ikarushwa: mmoja akapata msaada, mwenzake akaachwa kama alivyo. Walihesabiwa 506, nusu kwa nusu. Miaka thelathini baadaye mtafiti Joan McCord akawatafuta wakiwa watu wazima na akachapisha matokeo mwaka 1978. Waliosaidiwa aliwauliza: mradi ule ulikufaeni? Kama theluthi mbili wakasema ndiyo. Wengine walisema bila ule mradi wangeishia gerezani.

MWANAFUNZI: Sasa si wamesema wenyewe?

MTAKWIMU: Akafungua kumbukumbu za mahakama, za hospitali na za vifo, akawalinganisha na wenzao walioachwa. Kwa idadi ya waliowahi kutiwa hatiani hapakuwa na faida yoyote. Kwa waliorudia makosa, kwa ulevi, kwa maradhi ya akili, kwa kufa mapema, waliosaidiwa walikuwa na hali mbaya zaidi. Kila mmoja anayajua maisha yake. Maisha ambayo angeyaishi bila mradi hayajui, na hayo ndiyo unayoyauliza unapouliza "sababu". Andiko lako lina vijana kumi na watano wa Panya Road. Mbona hakuna hata mmoja ambaye si wa Panya Road, wa mtaa uleule, darasa lilelile, aliyekaa nyumbani?

MWANAFUNZI: Sikufikiria.

MTAKWIMU: Wataalamu wakubwa pia hawakufikiria. Lombroso, mwaka 1876, alitangaza kwamba mhalifu wa kuzaliwa anajulikana kwa taya, masikio na fuvu. Alipima wafungwa kwa bidii, ila kulinganisha kwake na watu wengine kulikuwa dhaifu mno. Charles Goring, daktari wa magereza ya Uingereza, akapima wafungwa kama elfu tatu na kuwaweka kando ya watu wasio wafungwa, wakiwamo wanafunzi wa vyuo na askari. Kitabu chake kilitoka 1913. Sura ya mhalifu haikuonekana. Nadharia iliyoenea nusu ya dunia ilitikiswa kwa kufanya jambo ambalo wewe hukulipangia hata ukurasa mmoja.

AFANDE: Kijana, unaongea vizuri. Lakini hizo kumbukumbu za mahakama na za polisi unazozifungua, unajua zinavyoandikwa?

MTAKWIMU: Ndiyo maana tumekualika, Afande.

AFANDE: Mtu anafika kaunta. Ameporwa simu kituo cha daladala. Anachotaka ni laini yake na kitambulisho chake. Simu anajua haitarudi. Kwa hayo anahitaji karatasi ya polisi inayosema mali imepotea. Akisema ameporwa, itabidi aandike maelezo, apewe RB, yaani namba ya taarifa, afunguliwe jalada, atafutiwe mpelelezi, aitwe tena. Akisema imepotea, anaondoka baada ya muda mfupi. Nimewaona wengi wakibadilisha kauli palepale mbele yangu, bila askari kuwashauri chochote. Wewe mwisho wa mwaka unakuja kuchukua takwimu za unyang'anyi, yule hayumo. Yumo kwenye daftari la vilivyopotea, pamoja na aliyesahau pochi kwenye bajaji. Na kuna siku mkubwa wa wilaya anataka takwimu zishuke. Sisemi zaidi.

MTAKWIMU: Hilo si la kwetu peke yetu. Uingereza mwaka 2014 wakaguzi wa polisi walipitia taarifa zilizopokelewa na kuzilinganisha na zilizoandikishwa. Walikadiria kwamba asilimia 19 ya makosa yaliyoripotiwa hayakuingizwa kwenye kumbukumbu. Kwa makosa ya kingono ilikuwa 26, kwa ya kujeruhi na vurugu 33. Mwaka huohuo takwimu za uhalifu zilizoandikishwa na polisi wa Uingereza na Wales zikavuliwa hadhi ya takwimu rasmi za taifa zinazoaminika. Tena hapo ni yale tu yaliyofika polisi.

MWANAFUNZI: Kwa hiyo dodoso la kaya. Kuwauliza watu majumbani nani amedhurika.

MTAKWIMU: Umeanza kunipendeza. Marekani wanafanya hivyo tangu 1973, Uingereza tangu 1982. Ila nalo lina wakweli wake na waongo wake. Marehemu hajibu dodoso, kwa hiyo mauaji hayamo. Muuza bangi na mnunuzi wake hakuna anayejiona amedhurika. Halafu kumbukumbu za watu: ukimuuliza mtu kuhusu miezi sita iliyopita, tukio lililomuumiza analivuta karibu, la miezi tisa linaingia ndani ya sita. Wamarekani huirudia kaya ileile kila baada ya miezi sita, mara saba, ili kila ziara iwe mpaka wa ziara inayofuata. Wewe huna fedha hizo. Basi usiseme "miezi sita iliyopita". Sema "tangu Sabasaba". Kila mtu anakumbuka alikuwa wapi Sabasaba.

MWALIMU: Na jiulize nani kakuingiza ndani ya nyumba. Barua ya chuo inakwenda mkoani, inashuka wilayani, inafika kwa mtendaji wa kata, mtendaji anakukabidhi kwa mwenyekiti wa serikali ya mtaa, na mwenyekiti kwa ukarimu wake anakusindikiza mlango kwa mlango. Halafu unauliza: je, unaamini viongozi wa mtaa wanashirikiana na wahalifu? Naye amesimama pale, amekushikia mwavuli.

AFANDE: Na mama mwenye nyumba unamuuliza kama anapigwa, mumewe yuko barazani anasikiliza redio.

Hapo mjadala ungeweza kugeuka mashindano ya kubomoa. Kila chanzo kina ugonjwa wake, kila mbinu ina kilema, basi hakuna linalojulikana, twendeni nyumbani. Nimewasikia wanafunzi wakifikia hapo, na wengine huona hiyo ndiyo hekima. Kwangu ni uvivu uliovaa joho. Kujua kwamba daftari la polisi liliandikwa na mtu mwenye haraka, kwa ajili ya mtu anayetaka laini ya simu, hakulifanyi daftari kuwa takataka. Kunakuambia linafaa kujibu swali gani: watu hutumia kituo cha polisi kwa mahitaji gani. Mwaka 1963 John Kitsuse na Aaron Cicourel waliandika karibu hivyo: takwimu za polisi zisomwe kama habari za kazi ya wanaoziandika. Mwanafunzi aliyeelewa hilo hatatafuta tena chanzo kisafi. Atatafuta chanzo ambacho uchafu wake anaujua.

MWALIMU: Nirudi kwenye kichwa cha andiko, maana tumekipita kama hatukioni. "Sababu za vijana kujiunga na Panya Road." Panya Road ni nini?

MWANAFUNZI: Mwalimu, kila mtu anajua. Makundi ya vijana wenye mapanga. Mwanzoni mwa Januari 2015 mji mzima ulitaharuki, maduka yakafungwa, watu wakakimbilia majumbani. Mwaka 2022 wakarudi tena kwenye habari.

MWALIMU: "Kujiunga" maana yake kuna kitu chenye mlango. Kina kiongozi? Kina daftari la wanachama? Au ni jina ambalo magazeti, polisi na majirani hulitupia kila kundi la vijana linalopora usiku?

AFANDE: Mama, waliokatwa mapanga si jina. Nimeona majeraha.

MWALIMU: Majeraha siyabishii hata kidogo, Afande. Nabishia usiku ule wa Januari, ambapo watu walikuwa wakikimbia hata kwenye mitaa ambako hakuna aliyeguswa, kwa sababu simu iliwaambia wanakuja. Kuna matukio, na kuna habari za matukio. Stanley Cohen alilitazama jambo la namna hii Uingereza: vijana wa makundi mawili waligombana kwenye mji wa pwani wa Clacton, Pasaka ya 1964. Magazeti yakasimulia mji uliotekwa. Cohen alipofuatilia kilichoharibiwa na walioshtakiwa kwa makosa gani, akakuta mambo madogo kuliko vichwa vya habari. Tena akaona vichwa hivyo vikawafundisha polisi nani wa kumsaka na vijana nani wa kumwiga. Kitabu chake ni cha 1972.

AFANDE: Wahenga walisema lisemwalo lipo, na kama halipo laja.

MWALIMU: Na methali hiyo, kwa heshima ya wahenga, ndiyo nusu ya pili ya hoja ya Cohen. Lakini mwanafunzi wangu akiiweka badala ya ushahidi nitamfelisha.

MWANAFUNZI: Basi niambieni nianzie wapi, maana mmenifungia kijiwe, mmenifungia polisi, mmenifungia nyumba za watu.

MWALIMU: Kaa chini usome hukumu.

MWANAFUNZI: Maktabani tena!

MWALIMU: Nani alikuambia uhalifu unapatikana kijiweni tu? Edwin Sutherland alichukua kampuni kubwa 70 za Marekani, akasoma maamuzi ya mahakama na ya tume dhidi yao, moja baada ya jingine. Alipata maamuzi 980. Hakukaa na mwizi yeyote kijiweni kwa kazi hiyo. Kitabu kilipotoka 1949 mchapishaji aliogopa kushtakiwa, majina ya kampuni yakafutwa, na toleo lenye majina likatoka 1983, mwenyewe amekwisha kufa zamani. Vijana wenye mapanga wanahojiwa kwa sababu hawawezi kukuzuia. Ungeandika andiko la kuwahoji wakurugenzi kumi na watano wa kampuni zilizokwepa kodi, sekretari angekurudisha getini.

MTAKWIMU: Hukumu zetu zinapatikana bure kwenye intaneti, za Mahakama Kuu na za Mahakama ya Rufani, kupitia TanzLII. Huhitaji kibali cha mtendaji.

MWALIMU: Chukua unyang'anyi wa kutumia silaha. Adhabu yake si chini ya miaka 30, kwa hiyo aliyefungwa ana sababu ya kukata rufaa, na rufaa zinaacha maandishi. Usome vipi? Wanafunzi wangu husoma hukumu kama habari ya gazeti: wanataka kujua nani kafungwa. Mimi nataka usome mara tatu. Mara ya kwanza uandike tukio kwa maneno yako, mistari mitano, bila neno "kikatili". Mara ya pili uulize kila sentensi: nani amesema hili? Shahidi wa kwanza wa mashtaka, mshtakiwa, au hakimu mwenyewe? Mara ya tatu utafute kisichokuwamo. Taa ilikuwepo? Mshtakiwa alitajwa jina mara ya kwanza alipokamatwa, au siku tatu baadaye?

AFANDE: Hilo la taa ni muhimu. Kuna hukumu ya Mahakama ya Rufani ya mwaka 1980 ambayo mpelelezi yeyote aliyewahi kubanwa kizimbani anaijua. Utambuzi wa usiku: mwanga ulikuwa wa namna gani, umbali gani, alimtazama kwa muda gani, alimjua kabla au la. Kesi ngapi zimeanguka hapo! Na si kwa sababu mshtakiwa hakuwepo, mara nyingine.

MWALIMU: Umemsikia? Ukisoma rufaa thelathini za aina hiyo utaanza kuona kitu ambacho kijana wa kijiweni hawezi kukuambia: uvamizi wa kundi la watu kumi na tano unaishaje kuwa kesi ya watu wawili. Kwa nini hao wawili? Hapo ndipo swali la kriminolojia lilipo.

Mwalimu ana dawa nyingine ambayo naiona bora kuliko mihadhara yake yote. Daftari la utafiti liwe na safu tatu kwa kila ukurasa: nilichokiona au kukisoma, nilichoambiwa, ninachofikiri. Mwanafunzi wa wiki ya kwanza hujaza safu ya tatu pomoni na ya kwanza inabaki nyeupe. Ikifika wiki ya nne, kama anajifunza, hali imegeuka. Alice Goffman aliandika kitabu kuhusu vijana wa Philadelphia wanaowakimbia polisi, On the Run, 2014, kikasifiwa sana. Wakosoaji walipouliza juu ya baadhi ya matukio, madaftari hayakuwepo: alikwisha kuyaharibu ili kuwalinda watu wake. Namwelewa. Msomaji naye nimemwelewa, yule aliyeachwa bila kitu cha kukagua. Safu tatu, zilizoandikwa kwa majina bandia tangu siku ya kwanza, zingemlinda kijana na zingemsaidia msomaji.

MTAKWIMU: Nina pingamizi na hukumu.

MWALIMU: Nililingoja.

MTAKWIMU: TanzLII utawapata waliokata rufaa. Walioachiwa mahakama ya wilaya na Jamhuri isikate rufaa, hawamo. Kesi zilizofutwa kwa shahidi kutofika, hazimo. Watoto walioshughulikiwa mahakama ya watoto, na hao ndio wengi kwenye hadithi ya Panya Road, hutawakuta. Utaandika kuhusu Panya Road kwa kuwasoma watu wazima waliofungwa miaka 30.

AFANDE: Na mimi nina langu. Hukumu ni ukurasa wa mwisho. Jalada lina kurasa ambazo hakimu hakuziona: maelezo yaliyoandikwa mara mbili, shahidi aliyehama mji, simu iliyopigwa na mtu. Anayesoma hukumu bila kujua jalada linavyopikwa anasoma menyu akidhani ameingia jikoni.

MWALIMU: Yote mawili ni kweli, na yote mawili yataandikwa. Si kwenye ukurasa wa mwisho, chini ya "changamoto za utafiti", pamoja na mvua na nauli. Yaandikwe sura ya tatu, pale anapoeleza alichokichagua na kwa nini.

MWANAFUNZI: Mtaani sirudi kabisa?

MWALIMU: Rudi, ila badilisha mtu wa kumuuliza. Usiku ule wa taharuki wewe ulikuwa wapi?

MWANAFUNZI: Nyumbani. Mama alifunga mlango, tukazima taa. Ujumbe ulikuwa unaingia kwenye simu kila dakika.

MWALIMU: Mwulize mwenye duka aliyefunga. Dereva wa daladala aliyegeuza gari. Kijana wa ulinzi shirikishi aliyetoka na filimbi. Waulize walisikia nini, kutoka kwa nani, wakafanya nini. Hakuna hata mmoja utakayemweka hatarini. Na soma watu wa kwetu. Nimeangalia marejeo yako: Chicago, Boston, London. Tibamanya mwene Mushanga wa Uganda alichapisha utafiti wake wa mauaji mwaka 1974, akaonyesha wengi wanauawa na watu wanaowafahamu. Marshall Clinard na Daniel Abbott walilinganisha mitaa miwili ya watu maskini ya Kampala, mmoja wenye uhalifu mwingi na mwingine wenye uhalifu kidogo, kitabu cha 1973. Huo ndio ulinganisho anaoulilia kaka yako hapa. Ray Abrahams aliandika juu ya sungusungu walipoibuka kwa Wasukuma na Wanyamwezi miaka ya themanini. Umewahi kusoma hata mmoja?

MWANAFUNZI: Hatukupangiwa.

MWALIMU: Hilo ni kosa letu walimu, na ni lako pia.

Kwangu Mwalimu ameshinda kuhusu mahali pa kuanzia. Mwanafunzi wa shahada ya kwanza mwenye wiki sita, bila fedha, bila kinga ya kisheria, aanze na maandishi yaliyokwisha kuwa hadharani, na ajifunze kuyachambua mpaka amjue mwandishi wake kama anavyomjua jirani. Lakini simkubalii moja kwa moja. Stanley, yule kijana wa Shaw wa The Jack-Roller, aliyaeleza magereza ya watoto kwa namna ambayo hakuna hukumu ingeweza, na Shaw aliiweka simulizi yake kando ya kumbukumbu za kukamatwa kwake ili msomaji alinganishe mwenyewe. Kazi ya namna hiyo inahitaji miaka na chuo kilicho tayari kusimama mahakamani na mtafiti wake. Vyuo vyetu havijaonyesha utayari huo, na mpaka vitakapoonyesha, kumtuma kijana wa miaka ishirini na mbili kijiweni na barua ya utambulisho ni kumtoa kafara.

Baada ya wiki Mwanafunzi alileta kichwa kipya.

MWANAFUNZI: "Kutoka Taharuki hadi Hukumu: Habari za Magazeti na Rufaa za Unyang'anyi wa Kutumia Silaha Dar es Salaam, 2015 hadi 2022." Nitachukua habari zilizotumia jina Panya Road, niandike walichodaiwa kufanya, wangapi, kwa silaha gani. Halafu rufaa za makosa ya miaka hiyo, nione kundi linavyopungua kutoka gazetini hadi kizimbani. Na mahojiano kumi na wakazi kuhusu usiku ule.

MTAKWIMU: Utajuaje kwamba rufaa fulani inahusu tukio lililoandikwa kwenye gazeti fulani?

MWANAFUNZI: Tarehe na mtaa.

AFANDE: Gazeti huandika tarehe ya kamanda kuzungumza na waandishi. Hati ya mashtaka huandika tarehe ya tukio. Zinaweza kupishana siku tatu, au wiki.

MWANAFUNZI: Basi nitaweka nafasi ya wiki mbili.

MTAKWIMU: Ukiweka wiki mbili utaoanisha matukio mawili tofauti ya mtaa mmoja.

MWALIMU: Ajaribu kwa rufaa tano kwanza, aone zinakubali au hazikubali. Na zile za Kiingereza asitafsiri neno la kosa kwa kubahatisha, atazame Kanuni ya Adhabu. Mahakama zilielekezwa kutumia Kiswahili tangu 2021, lakini nyingi utakazosoma bado ni za Kiingereza.

MWANAFUNZI: Tano kufikia lini, Mwalimu?

MWALIMU: Ijumaa. Na ulete daftari, si muhtasari. Nitasoma safu ya kwanza tu.